Matanga ya Kumenya Mihogo

Siku ya tatu, tulipokuwa tunaanua matanga ya Bibi, Bi Somoe aliingia uani na mjukuu wake aliyembebea kisado cha unga wa muhogo. Kisomo kilikuwa kimeisha, mashehe wameshanawa, masinia ya wali yanatoka jikoni. Akashikwa mkono hadi mkekani, akakaa, akanyoosha miguu, akatupa pole mmoja mmoja. Kisha akamgeukia mama yangu.

"Na mama yake, mmemsomea?"

Mama akadhani hakusikia vizuri. "Mama yake nani, mama?"

"Wa marehemu. Yule aliyebaki Kionga."

Mjomba alikuwa mlangoni na daftari la ubani. Akainua uso, akamtazama yule bibi kizee, akasema kwa adabu kabisa, "Shikamoo mama. Karibu, chakula kinapoa."

Sinia likawekwa. Mazungumzo yakahamia kwenye bei ya korosho.

Lile swali lakini halikuhama. Nililala nalo, nikaamka nalo, nikarudi nalo mjini, na wiki zimepita nyingi likiwa bado linanizungukia kichwani.

Tulichoambiwa

Historia ya Bibi tuliyolelewa nayo ilikuwa fupi na haina kona. Kazaliwa bonde la mto Ruvuma, mpaka wetu na Msumbiji, upande wa huku wa Tanzania, karibu na Kilambo. Kaolewa, kazaa, kapanda mikorosho. Mama yake alifariki zamani, na kaburi likachukuliwa na mto mwaka wa mafuriko. Basi.

Hilo kaburi lililochukuliwa na mto lilikuwa jibu zuri mno. Ruvuma inakula kingo zake kweli. Kila mtu wa bondeni ana shamba au mwembe uliokwenda na maji, kwa hiyo hakuna mtoto ambaye angeuliza zaidi. Nikilifikiria leo naona kazi ya mtu mwenye akili sana: uongo uliojengwa kwa vitu vya kweli tupu.

Dalili zilikuwepo. Fomu yoyote ikifika nyumbani, hata ya chanjo ya kuku, Bibi alimwita Mjomba aje ajibu. Akiulizwa mwaka wa kuzaliwa alitaja msimu wa njaa ambao hakuna mzee mwingine kijijini aliyeukumbuka. Tulicheka. Bibi zetu wote si wanasahau?

Kionga

Wasomaji wangu wa Mtwara hawahitaji kuonyeshwa Kionga. Ukivuka kutoka Kilambo kuingia Msumbiji ukashika njia ya Palma, unaipita. Wasichokijua wengi ni kwamba iliwahi kuwa ya huku. Mjerumani na Mreno walikubaliana mwaka 1886 kwamba mpaka wao ni Ruvuma, lakini mwaka 1894 Mjerumani akavuka mdomo wa mto na kuichukua Kionga. Ikabaki mikononi mwake hadi Aprili 1916, Mreno alipoitwaa katikati ya vita, na mwaka 1919 mkataba wa Versailles ukamthibitishia.

Mama yake Bibi, kwa hesabu za Bi Somoe, alikuwa mtoto wa kufukuza kuku kwenye mtama Mreno alipoingia. Maana yake alizaliwa chini ya bendera ile ile iliyokuwa inapepea juu ya boma la Mikindani. Wakubwa walibadilishana nchi, yeye akabaki palepale, mafiga yaleyale.

Na watu wa kingo mbili waliendelea kama kawaida. Walioana, walizikana, walikopeshana mbegu. Kimakwe kinasikika huku na kule. Bibi alipovuka hakufikia kwa watu baki. Alifikia kwa shangazi yake, nyumba aliyokuwa akija kucheza tangu utotoni.

Hili ndilo lililowezesha kila kitu kilichofuata.

Karani

Vita vya Msumbiji vilianza tarehe 25 Septemba 1964, FRELIMO, wapigania uhuru wa Msumbiji, waliposhambulia kituo cha Mreno pale Chai, mkoa wa Cabo Delgado, ng'ambo ya Ruvuma. Miezi iliyofuata watu walivuka Ruvuma kwa maelfu. Sehemu hii ya historia sisi watu wa kusini tunaipenda. Tutakuambia habari za Nachingwea na kambi ya wapiganaji, tutakuambia habari za Samora, tutakuambia jinsi uhuru wa 25 Juni 1975 ulivyopikwa kwenye majiko yetu. Yote ni kweli. Ila wanaosimuliwa ni wenye bunduki. Mwanamke aliyevuka na mtoto, sufuria na mkeka anaingia kwenye historia akiwa ndani ya neno "maelfu".

Serikali ilitenga makazi ya wakimbizi Rutamba, huko Lindi, ambayo enzi hizo ilikuwa bado ndani ya mkoa wa Mtwara. Mkoa wa Lindi ulikuja kumegwa mwaka 1971. Kwa mtu asiye na ndugu, Rutamba ilikuwa ardhi, jembe na usingizi wa bila mizinga. Kwa Bibi, aliyekuwa tayari yuko kwa shangazi yake na anaweza kuuona mto wa kwao akienda kuchota maji, Rutamba ilikuwa kuhamishwa mara ya pili.

Karani alipopita kuandika wageni, shangazi alisimama mlangoni akasema: huyu mwanangu, kazaliwa hapa. Yule pale mkwe wangu.

Karani akaandika.

Bibi akaishi ndani ya sentensi hiyo hadi tulipomtia kaburini.

Redio

Mashambulizi ya waasi wa Cabo Delgado yalianza Oktoba 2017 kule Mocímboa da Praia. Bibi alizisikiliza habari zake kama wazee wanavyosikiliza redio, nusu anasikia, nusu anasinzia. Oktoba 2020 yakafika upande wetu, Kitaya, na hapo akaogopa kama sote tulivyoogopa. Watu wa bondeni walilala maporini siku zile, sina haja ya kuwakumbusha.

Lakini Palma iliposhambuliwa, tarehe 24 Machi 2021, kitu kingine kilimpata. Nilikuwa nimekwenda kumsalimia. Akaomba redio isogezwe karibu. Mtangazaji alikuwa anaeleza kwamba watu wanakimbia kwa miguu kuelekea Ruvuma.

"Wamepitia Kionga?" akauliza.

Nikasema labda, njia si hiyo.

Akashika ncha ya kanga yake. Akaifunga fundo, akalifungua, akaangalia ndani, akafunga tena, kama mtu anayetafuta hela alizozifunga jana. Alifanya hivyo hadi taarifa ikaisha na matangazo ya vifo yakaanza. Halafu akasema, "Sasa nani atapalilia?"

Nilijua anazungumzia shamba. Nikamwambia nitamtafutia kibarua.

Akanitazama kidogo, akasema haya.

Barazani kwa Bi Somoe

Nilirudi kijijini mvua zilipopungua. Nilimchukulia Bi Somoe sukari, majani ya chai na doti moja ya kanga, kwa sababu mtu haendi kuulizia habari za marehemu mikono mitupu. Nikamkuta barazani na bakuli la ming'oko, ile mizizi ya porini, iliyochemshwa. Akanisogezea. Tukawa tunabandua ganda kwa kucha, tunachovya kwenye chumvi na pilipili, na kwa muda mrefu hakuna aliyesema lolote la maana. Alianza mwenyewe.

Wakati huo Bi Somoe alikuwa bi harusi mgeni kwenye kijiji hiki, hata njia ya kisimani hajaizoea. Ilikuwa mwaka wa pili tangu Bibi avuke. Jioni moja mvuvi akaja kwa shangazi, akanywa maji, akasema mama wa fulani amefariki. Homa, si risasi. Walimzika watu wachache waliosalia, kwa sababu Mreno alikuwa ameshaanza kuwakusanya watu kwenye vijiji vya kuzungushiwa senyenge.

Bibi aliambiwa akiwa shambani. Hakupiga ukunga.

Nikamuuliza kwa nini. Bi Somoe akaniangalia kama aliyemuuliza kwa nini maji yanateremka.

Msiba una maswali yake. Nani kafa, wapi, lini, mnazika saa ngapi, ubani unapokelewa na nani. Ukilia kwa sauti, watu wa njiani watauliza unamlilia nani. Na kwenye daftari la karani mama yake Bibi alikuwa ni yule shangazi, ambaye hapo alipo amekaa kizingitini anapepeta mchele, mzima wa afya.

Utamliliaje mama ambaye serikali imeandika kwamba yuko hai?

"Sasa mkafanyaje, Bibi?"

"Tukamenya mihogo."

Aliyeanza ni mama mkwe wake Bi Somoe. Alfajiri alikuja na kisu na tenga la mihogo, akatandika mkeka uani kwa Bibi, akakaa bila hodi ya maana. Akaja mwingine na tenga lake. Jua lilipopanda ua ulikuwa umejaa wanawake, mihogo imerundikwa katikati, visu vinakwenda. Apitaye akiuliza, jibu lilikuwepo: tunamsaidia mwenzetu makopa, mihogo ya kukausha. Na makopa yalianikwa kweli juu ya paa, mchana huohuo, meupe, kila mtu ayaone.

Katikati ya kumenya mmoja alianza Yasini kwa sauti ya chini, wanaoijua wakafuata. Bibi alikaa kati yao na kisu chake. Alipozidiwa aliinama zaidi juu ya muhogo. Hakuna aliyemwambia pole. Bi Somoe anasema mama mkwe wake alikuwa anambadilishia tu mihogo, akimaliza mmoja anampa mwingine, ili mikono isikae.

Siku tatu. Siku ya tatu walipika, wakala, wakakung'uta maganda, kila mmoja akaondoka na kisu chake.

"Na balozi wa nyumba kumi hakushtuka?"

Bi Somoe alicheka hadi akapaliwa na mng'oko. Nikampigapiga mgongo. Alipopata pumzi akasema, "Mke wa balozi ndiye aliyemenya kuliko sote."

Siri ya nani

Tangu siku ya matanga nilikuwa nimejijengea picha ya Bibi mpweke, anatembea na siri yake peke yake karibu miaka 60. Ni picha inayomfaa mtu anayeandika. Ina huzuni iliyonyooka. Nilikuwa hata nimeshapata aya mbili nzuri za kuianzia, na nilipotoka kwa Bi Somoe nilizifuta nikiwa juu ya bodaboda.

Kijiji kizima kilijua. Balozi alijua, mkewe alijua, mvuvi alijua, mwenye mtumbwi alijua. Hata yule karani sina hakika kama alidanganyika. Mtu aliyekulia kusini anajua lafudhi ya ng'ambo akiisikia kwenye salamu.

Waliofichwa walikuwa daftari na sisi.

Nilipomsimulia Mama, alinyamaza, akaingia jikoni, akatoka. Akasema anakumbuka vizuri akiwa mtoto, kila karibu na mfungo, wanawake walikuja kumenya mihogo kwao na watoto walifukuzwa wakacheze mbali. Akawa anataka nimwambie kama zile nazo zilikuwa matanga. Nilimwambia sijui, na naandika hapa kwamba nasita. Makopa ni chakula. Kulikuwa na miaka ya njaa, na wanawake wakikaa pamoja kumenya mihogo mara nyingi wanamenya mihogo. Sitaki tugeuze kila kisu kilichoshikwa na Bibi kuwa kaburi. Mama hakupendezwa na jibu langu. Tangu hapo ameshamuuliza Bi Somoe mwenyewe kwa simu, na hajaniambia aliambiwa nini.

Kwa nini hakurudi

Msumbiji ilipopata uhuru, wakimbizi walianza kurudishwa, wa Rutamba na wengineo. Bibi hakuwa kwenye orodha yoyote. Mtu aliyezaliwa hapa anarudishwa wapi? Ile sentensi ya mlangoni iliyomwepusha na safari ya Rutamba ilimfungia pia safari ya kwao.

Ningependa ingekuwa hivyo tu, maana inakaa vizuri kwenye karatasi. Lakini Ruvuma haina mlango. Mitumbwi ilikuwepo, kiangazi kuna mahali watu wanavuka kwa miguu, na Bi Somoe anasema Bibi alivuka. Mara moja, akiwa na jembe dogo amelifunga ndani ya kanga. Akarudi baada ya siku chache, jembe likiwa na udongo.

Alikuta kijiji chao hakipo. Watu walihamishwa wakati wa vita, mahali pa nyumba pakawa kichaka, na mzee aliyekuwa anajua makaburi yako upande gani alikuwa naye ameshakufa. Bibi alipalilia mahali alipokisia. Huenda palikuwa makaburini, huenda palikuwa kiwanja cha mtu. Alipalilia akamaliza, akaomba dua, akarudi.

Halafu kulikuwa na mikorosho. Ile aliyoipanda mwaka wa kwanza huku ilikuwa imeshaanza kuzaa vizuri. Msomaji wa Newala, wa Tandahimba, wa Ruangwa, wewe hili utalielewa bila maelezo: huachi mikorosho inayozaa ukaenda kuanza na miche. Wanaoandika habari za wakimbizi wanapenda kutuambia kwamba moyo ulibaki kule. Wa Bibi ulikuwa umegawanyika, na sehemu moja ilikuwa huku, juu ya mti, inaiva Oktoba na kuuzwa kwa kilo.

Mjomba

Nisingependa mtu amchukie Mjomba. Ndiye mkubwa wa watoto wa Bibi, na ndiye aliyesimama kwenye madirisha ya ofisi za serikali maisha yake yote. Anajua jinsi mtu wa mpakani anavyoulizwa maswali ambayo mtu wa Dodoma haulizwi: babu kazaliwa wapi, bibi je, nani alikuwa mwenyekiti wa kijiji wakati huo, mbona unaongea hivyo. Mmoja wa ndugu zangu alizungushwa miezi kwa sababu ya namna alivyotamka jina la kijiji chake mwenyewe.

"Nyie mnataka historia," aliniambia. "Mimi nataka watoto wapate vitambulisho."

Sina jibu la kumpa. Nilimweleza habari za Mjerumani na mwaka 1894, akasikiliza kwa makini sana, akasema, "Kumbe ilikuwa ya huku! Basi mama hakudanganya sana." Akacheka. Ni mara chache Mjomba hucheka.

Mimi na yeye tunapoachana ni hapa. Fomu ziandikwe zinavyoandikwa, sitazigusa. Ila lile daftari la karani liliruhusiwa kuingia hadi ndani. Likakaa nasi kwenye hadithi za usiku, likakaa nasi kwenye hitima, shehe anaposomewa majina ya marehemu wa ukoo. Zaidi ya yote lilikaa nasi watoto walipozaliwa. Kwetu mtoto hupewa jina la mzee. Tunao kina Bibi wanne kwenye ukoo huu, tunao watatu wa jina la yule shangazi aliyesema mlangoni, Mungu amrehemu, anastahili hata kumi. Mwanamke wa Kionga hana hata mmoja. Mdogo wangu ana mimba ya miezi saba. Nimeshamtajia jina. Ameniambia atalifikiria, mumewe naye ana mama yake.

Wiki iliyopita nilimpelekea Mjomba rasimu ya makala hii nikamsomea, yeye anakunywa kahawa. Akataka nitoe jina la kijiji, nikatoa. Akataka Bi Somoe nimpe jina jingine, nimempa. Nilipofika nilipoandika kwamba Bibi alivuka usiku, akainua mkono.

"Usiku nani kakwambia? Ilikuwa alfajiri. Maji yamekupwa, mtumbwi ukakwama kwenye mchanga, tukateremka tukasukuma."

Nikamtazama. Kila karatasi ya Mjomba, tangu shule ya msingi hadi kadi ya kustaafu, inasema kazaliwa Mtwara.

"Mlisukuma na nani?"

"Mimi sikusukuma, mimi nilikuwa nimeshika kuku. Mweupe, kafungwa miguu kwa ukindu. Bibi yangu alinipa pale ufukweni, akaniambia nikimwachia nimemwachia yeye." Akaweka kikombe chini. "Hayo usiandike," akasema, kisha akaendelea kusimulia.